Msanii Mpya Mwenye Miaka 37: Chris Stapleton na Albamu Iliyochelewa

Usiku wa tarehe 4 Novemba 2015, mjini Nashville katika jimbo la Tennessee, Chama cha Muziki wa Kantri cha Marekani, CMA, kilimtangaza Chris Stapleton kuwa Msanii Mpya wa Mwaka. Mshindi alikuwa na miaka 37, ndevu zake zimeshuka hadi kifuani, na alikuwa ameshaishi mjini hapo miaka 14 akila kwa jasho la muziki. Nyimbo zaidi ya 150 alizotunga peke yake au na wenzake zilikuwa zimerekodiwa na watu wengine. Mashabiki wa kantri walikuwa wameimba maneno yake ndani ya magari yao kwa muongo mzima bila kumjua. Lakini *Traveller*, albamu yake ya kwanza kwa jina lake mwenyewe, ilikuwa na miezi sita tu tangu itoke. Kwa hiyo alikuwa "mpya".

Msikilizaji wa Bongo Fleva lazima ashangae. Kwetu kijana anaandika mistari yake, anaingia studio kwa prodyuza, anatoka na wimbo wake. Mtu wa taarabu ataelewa haraka zaidi, kwa kuwa kule mtunzi wa shairi, mtia muziki na mwimbaji wanaweza kuwa watu watatu tofauti, na hakuna anayeona ajabu. Nashville waliuchukua mgawanyo wa namna hiyo wakaujengea kiwanda kizima, chenye ofisi, mikataba, mawakili na saa za kuripoti kazini. Ukitaka kujua kwa nini mtu anayetunga nyimbo zinazoongoza chati anaweza kukaa miaka 14 bila albamu, inabidi uingie kwanza ndani ya kiwanda hicho.

Wimbo mmoja, mali mbili

Tuanze na wimbo ambao wazazi wetu wengi wanaufahamu. Kenya hasa imemsikiliza Kenny Rogers tangu enzi za kaseti, na ukimuuliza mtu *The Gambler* ni wimbo wa nani atakujibu bila kusita. Mtunzi wake ni Don Schlitz, aliyeuandika mwaka 1976 akiwa kijana anayefanya zamu za usiku kwenye kompyuta za Chuo Kikuu cha Vanderbilt, Nashville. Schlitz mwenyewe aliurekodi na kuutoa kabla ya Rogers, lakini haukufika mbali. Rogers alipouimba mwaka 1978, dunia nzima ikaupokea. Sauti ikawa ya Rogers, wimbo ukabaki wa Schlitz.

Kisheria hizo ni mali mbili zinazoishi ndani ya kitu kimoja. Ya kwanza ni utungo, yaani maneno na melodi, hata kama haujawahi kuingia studio. Ya pili ni rekodi, yaani ile sauti maalumu iliyonaswa siku fulani na mwimbaji fulani. Utungo ni mali ya watunzi na kampuni inayosimamia tungo zao. Rekodi kwa kawaida ni mali ya lebo iliyogharamia studio. Josh Turner alipoimba *Your Man*, uliofika namba moja mwaka 2006, rekodi ilikuwa ya lebo yake, lakini utungo ulikuwa wa watu watatu: Jace Everett, Chris DuBois na kijana wa Kentucky aitwaye Chris Stapleton.

Fedha nazo hufuata njia mbili. Kila nakala ya albamu ikiuzwa Marekani, mwenye utungo hulipwa kiwango kilichowekwa kisheria. Kuanzia mwaka 1909 hadi 1977 kiwango hicho kilikuwa senti 2 kwa wimbo, ndiyo, senti 2 kwa karibu miaka 70. Kilipanda pole pole hadi senti 9.1 mwezi Januari 2006, mwezi uleule albamu ya Turner ilipotoka, kikasimama hapo hadi mwisho wa 2022. Piga hesabu: nakala milioni moja zinaleta dola 91,000 kwa wimbo mmoja. Katika mkataba wa mtindo wa zamani kampuni inachukua nusu. Nusu iliyobaki inagawanywa kwa watunzi watatu, na kila mmoja anapata dola 15,000 na ushei. Si haba, lakini nakala milioni moja huuzwa kwa nadra, na nyimbo nyingi zinazorekodiwa hulala katikati ya albamu ambayo haikumbukwi na mtu.

Utamu uko redioni. Stesheni za Marekani hulipia nyimbo wanazopiga kupitia vyama kama ASCAP, BMI na SESAC, na vyama hivyo humlipa mtunzi na kampuni yake. Mwimbaji je? Hapati kitu. Sheria ya Marekani haijawahi kuilazimu redio ya kawaida, ya masafa, kumlipa mtu ambaye sauti yake ndiyo inayosikika. Kwa redio za intaneti na za setilaiti hali ilibadilika kuanzia mwaka 1995, ila ile redio ya kwenye gari, iliyokuwa roho ya kantri kwa miongo mingi, ilibaki vilevile. Wenye vituo hutetea hali hiyo wakisema redio ni tangazo la bure kwa msanii. Linganisha na Kenya, ambako pamoja na MCSK ya watunzi viliundwa KAMP kwa wazalishaji na PRISK kwa watumbuizaji, kwa sababu sheria inamtambua pia yule aliyetoa sauti. Utekelezaji una kelele zake, lakini kanuni ipo.

Ndiyo maana mtunzi wa Nashville haombei tu wimbo wake urekodiwe. Anaombea uchaguliwe kuwa singo, yaani wimbo unaotolewa peke yake kutoka kwenye albamu, upelekwe redioni, upande chati. Singo moja iliyokamata inaweza kumlisha kuliko nyimbo 30 zilizofichwa ndani ya albamu. Na hapa pana jambo ambalo wengi hulikosea: mtunzi asiye na sura wala jina mbele ya umma si lazima awe mnyonge. Anaweza kuwa anaishi vizuri tu, analala kwake kila usiku, hajui karaha ya basi la ziara, na redio inamlipa huku mwimbaji akilazimika kuuza tiketi na fulana ili aone faida.

Kazi ya kuripoti asubuhi

Stapleton alizaliwa Lexington, Kentucky, tarehe 15 Aprili 1978, akakulia Staffordsville, katika milima ya mashariki ya jimbo hilo, nchi ya makaa ya mawe. Baba yake alifanya kazi migodini. Yeye alikwenda Vanderbilt, chuo kilekile cha zile kompyuta za Schlitz, kusomea uhandisi, akaacha. Amewahi kueleza kwamba utotoni alidhani mwimbaji nyota wa kantri George Strait akiimba wimbo, basi ni yeye aliyeuandika. Siku alipogundua kuna watu wanalipwa kukaa chumbani na kutunga nyimbo za wengine, aliona hakuna kazi bora kuliko hiyo duniani. Mwaka 2001 akahamia Nashville, na ndani ya siku chache akawa amepata mkataba na kampuni ya tungo iitwayo Sea Gayle Music.

Mkataba wa namna hiyo unafanya kazi hivi. Kampuni inakupa fedha kila mwezi, ya kodi na chakula. Si mshahara. Ni mkopo juu ya mrabaha wako wa kesho: nyimbo zikianza kuingiza, kampuni inajirudishia kwanza kila senti iliyokupa, kisha ndipo mnagawana. Usipopata wimbo uliorekodiwa, hutadaiwa nyumba yako, lakini mkataba hautahuishwa na nafasi yako atapewa kijana mwingine aliyeshuka kwenye basi jana. Nawe unatakiwa kuleta idadi fulani ya nyimbo kwa mwaka.

Kazi yenyewe hufanyika kwenye eneo liitwalo Music Row, mitaa michache yenye nyumba za kawaida zilizogeuzwa ofisi. Saa nne au saa tano asubuhi watunzi wawili au watatu, wakati mwingine wasiojuana, wanakutana katika chumba chenye makochi na magitaa. Wanapiga soga, mmoja anataja kichwa cha wimbo alichokiokota barabarani, na kufika alasiri wanatakiwa wawe na wimbo. Wanarekodi demo, yaani rekodi ya mfano. Kisha anaingia mtu wa kampuni ambaye kazi yake ni kuzungusha nyimbo kwa maprodyuza na lebo, kama dalali wa viwanja. Prodyuza akiupenda anaomba "aushike", yaani usipewe mtu mwingine mpaka aamue. Unaweza kushikwa mwaka mzima halafu ukarudishwa. Kwa watunzi wa Nashville huko kushikwa kunaweza kuwa furaha na mateso kwa pamoja, kwa sababu wimbo ulioshikwa haulipwi chochote.

Kwa kiwanda hicho Stapleton alikuwa fundi hodari. *Never Wanted Nothing More*, aliotunga na Ronnie Bowman, ulikaa namba moja wiki tano mwaka 2007 kwa sauti ya Kenny Chesney. *Come Back Song* ulikwenda kwa Darius Rucker mwaka 2010. George Strait, yuleyule wa utotoni, alirekodi *Love's Gonna Make It Alright*. *Drink a Beer*, aliotunga na Jim Beavers, ukawa namba moja wa Luke Bryan, na ukisikiliza kwa makini rekodi ile utaisikia sauti ya Stapleton mwenyewe nyuma, akiitikia. Hata Adele wa Uingereza aliurekodi wimbo wake mmoja, *If It Hadn't Been for Love*.

Kwa nini asiimbe mwenyewe?

Hakuwa amekaa kimya. Aliimba na The SteelDrivers, bendi ya bluegrass, muziki wa nyuzi wa milimani, hadi mwaka 2010, akatoa nao albamu mbili zilizopendwa na wajuzi. Akaanzisha bendi ya roki, The Jompson Brothers. Kwa hiyo *Traveller* ni ya kwanza kwa maana ya kisheria na kibiashara tu, ya kwanza yenye jina lake peke yake kwenye jalada. Ndani ya mji watu walikuwa wakijua siku nyingi kwamba demo zake zinaweza kumtia aibu mwimbaji atakayezirithi.

Kikwazo kilikuwa redio, tena redio ileile iliyokuwa ikimlisha. Lebo haipimi kama una sauti nzuri. Inapima kama vituo vya kantri vitakubali kupiga singo yako kati ya tangazo la gari na tangazo la bia, na mwanzoni mwa miaka ya 2010 vituo vilitaka vijana wa kofia za besiboli wakiimba juu ya malori, ufukwe na wasichana wa Ijumaa usiku. Mwaka 2013 lebo ya Mercury Nashville ilimpa nafasi. Singo yake *What Are You Listening To?* ilitoka mwezi Oktoba, ikafika nafasi ya 46 kwenye chati ya redio, ikaanguka. Albamu iliyokuwa ikiandaliwa nyuma yake ikafungiwa kabatini. Mwezi huohuo wa Oktoba baba yake alifariki.

Nisimame kidogo hapa, maana hadithi ya Stapleton hupenda kusimuliwa kama ya nabii aliyekuja kuuokoa muziki wa kantri kutoka kwa vijana wa malori. Inapendeza, ila haikai sawa. Aliwaandikia vijana haohao. *Crash and Burn* wa Thomas Rhett, wimbo mwepesi wa kuchezeka, ulifika namba moja mwaka 2015, mwaka uleule wa *Traveller*, na jina la Stapleton limo kwenye orodha ya watunzi wake. Alikuwa ndani ya kiwanda, na kiwanda ndicho kilichomlipia miaka ya kusubiri. Sioni aibu yoyote hapo. Mshonaji anayeshona sare za shule mchana anaweza kushona suti yake usiku, kwa cherehani ileile.

Baada ya msiba, mkewe Morgane alimnunulia gari kuukuu, Jeep Cherokee ya mwaka 1979, iliyokuwa Phoenix, Arizona. Wakapanda ndege kuifuata, wakairudisha Nashville kwa barabara. Akiwa kwenye usukani katika jangwa la New Mexico, jua likichomoza, wimbo *Traveller* ukamjia. Morgane mwenyewe ni wa kazi hiyohiyo: ni mmoja wa watunzi wa *Don't Forget to Remember Me* wa Carrie Underwood. Na sauti yake imo katika albamu nzima, imefungamana na ya mumewe kiasi kwamba wakati mwingine hujui inaanzia wapi.

Prodyuza aliyechaguliwa alikuwa Dave Cobb, mtu anayependa bendi ipige pamoja chumbani na makosa madogo yabaki. Sehemu kubwa ya kazi ilifanyika RCA Studio A, ukumbi wa mwaka 1965 ambao Dolly Parton aliutumia miaka ya 1970, na ambao mwaka 2014 uliponea chupuchupu kubomolewa ili pajengwe majumba ya makazi. Gitaa, besi, ngoma, gitaa la chuma linalolia kama mtu, na harmonika ya Mickey Raphael, aliyekaa miongo na Willie Nelson. Ukiisikiliza kwa spika nzuri unasikia chumba.

Nyimbo ziko 14, na 12 kati ya hizo Stapleton ameshiriki kuzitunga. Hapa ndipo msikilizaji anaweza kupotea, kwa kudhani albamu ya kwanza ya mtunzi ni shajara ya mwaka huo. Ni ghala lililofunguliwa. *Daddy Doesn't Pray Anymore* unasikika kama ombolezo la baba aliyetoka kuzikwa, lakini ulitungwa miaka mingi kabla baba hajafa. *Whiskey and You*, aliotunga na Lee Thomas Miller, ulikuwa umesharekodiwa na Tim McGraw mwaka 2007, kwa unadhifu wa studio kubwa. Stapleton aliurudia kwa gitaa moja na sauti yenye mikwaruzo, bila kitu kingine. Sikiliza zote mbili mfululizo. Maneno ni yaleyale, ila kwa McGraw unamhurumia mlevi, na kwa Stapleton unaogopa kumwacha peke yake.

Aliwezaje kuurudia wimbo aliokwisha kumpa mwingine? Kwa sababu hakumpa. Sheria ya Marekani inasema mara ya kwanza kabisa wimbo unapotolewa, idhini ya mwenye utungo inahitajika. Ukishatolewa mara moja, mtu yeyote anaweza kuurekodi kwa sauti yake bila kuomba, mradi alipe kile kiwango cha kisheria na asiubadilishe ukawa kitu kingine. Kanuni hiyo ndiyo inayozifanya nyimbo za kantri kuzunguka kutoka mdomo hadi mdomo. Ikumbuke, itarudi.

Mtunzi anapogeuka mwimbaji kuna makato ambayo watu wa nje hawayaoni. Mikataba mingi ya lebo za Marekani huwa na kipengele kinachosema: nyimbo ulizotunga mwenyewe tutakulipa robo tatu tu ya kiwango cha kisheria, tena kwa idadi isiyozidi nyimbo kama 10 kwa albamu. Mtunzi asiyeimba anadai kiwango kizima. Yule anayeimba tungo zake anapunguziwa, kwa kuwa lebo inajua hana pa kwenda. Juu ya hapo, gharama za studio na za kutangaza hurudishwa kutoka kwenye fungu lake kabla hajaona kitu. Siwezi kusema mkataba wa Stapleton uliandikwaje. Nasema tu kwamba kuhama kutoka kiti cha nyuma hadi kwenye kipaza sauti si kupandishwa cheo moja kwa moja. Wengine huhama wakawa maskini zaidi.

Waliotangulia

Willie Nelson aliandika *Crazy*, Patsy Cline akauimba mwaka 1961 ukawa wa milele. Mwaka uliofuata Nelson akatoa albamu yake ya kwanza, na jina lake lilikuwa kama ombi la kutambuliwa: *...And Then I Wrote*, "kisha nikaandika". Haikumfanya nyota, ilimbidi asubiri zaidi ya miaka 10. Kris Kristofferson, aliyewahi kufagia sakafu za studio ya Columbia mjini Nashville, alitoa ya kwake mwaka 1970, ikauza kidogo. Baada ya Janis Joplin kufariki na rekodi yake ya *Me and Bobby McGee* kufika namba moja mwaka 1971, lebo iliitoa tena albamu ya Kristofferson ikiwa na jina la wimbo huo. Yaani mtunzi alivutwa na kamba ya mwimbaji wake.

*Traveller* nayo ilikuwa ikielekea njia hiyo. Ilitoka tarehe 5 Mei 2015, ikauza nakala kama 27,000 wiki ya kwanza, ikasifiwa na wahakiki, redio ikatazama pembeni. Kisha ukaja usiku wa CMA.

Stapleton alipanda jukwaani na rafiki yake Justin Timberlake, nyota wa pop ambaye ni mzaliwa wa Tennessee. Waliimba kwa takriban dakika nane, wimbo mmoja wa kila upande, na usiku huo Stapleton aliondoka na tuzo tatu: Albamu ya Mwaka, Mwimbaji Bora wa Kiume na ile ya Msanii Mpya. Wiki iliyofuata *Traveller* ilihesabiwa sawa na nakala 177,000, kati ya hizo 153,000 zikiwa albamu kamili zilizonunuliwa. Ilikuwa imetoka kabisa kwenye chati kuu ya albamu ya Billboard, jarida la muziki la Marekani, ikarudi moja kwa moja hadi namba moja. Februari 2016 ikapata Grammy ya albamu bora ya kantri.

Redio haikuwa na mkono katika hilo, na kuna sababu ya kiufundi. Tangu Oktoba 2012 chati kuu ya nyimbo za kantri ya Billboard ilianza kuhesabu mauzo ya kidijitali na usikilizaji wa mtandaoni pamoja na redio. Watu waliokuwa wakitazama televisheni walichukua simu zao na kununua palepale. Wimbo ambao vituo havikuwa vikiupiga ukaweza kuongoza chati ya kantri wiki hiyo, na ukaongoza. Miaka mitano kabla, dakika nane zilezile zingeishia kuwa gumzo la kijiweni.

Wimbo wenyewe ulikuwa *Tennessee Whiskey*. Na Stapleton hakuutunga.

Mwanamume aliyetumia miaka 14 kuwatungia wengine alijulikana na dunia kwa utungo wa watu wengine, kwa kanuni ileile ya lipa-kiwango-uimbe. Waliutunga Dean Dillon na Linda Hargrove. David Allan Coe aliurekodi mwaka 1981 ukapita bila kishindo. George Jones aliurekodi ukafika namba mbili mwaka 1983, ukiwa wimbo wa kantri wa kunyooka, wa mwendo wa kuyumba kidogo. Stapleton na bendi yake waliugeuza wakiwa katika kupima mitambo kabla ya onyesho: wakapunguza kasi, wakauegemeza kwenye mdundo wa soul wa kina Etta James, na yeye akaanza kupanda na kushuka juu ya neno moja kama msomaji wa kaswida. Wengi wanaoupenda leo hawajui kama kuna toleo lingine.

Kwa hiyo kituo cha masafa cha Marekani kikiupiga *Tennessee Whiskey*, sauti ni ya Stapleton lakini hundi ya redio haiendi kwake. Inakwenda kwa upande wa Dillon na Hargrove. Anachovuna yeye kinatoka kwenye mauzo, mtandaoni, na hasa kwenye viwanja anavyojaza.

Dillon na Hargrove nao walikuwa wamejaribu kuimba. Dillon alitoa rekodi kadhaa miaka ya 1980, hazikushika, akarudi kumtungia George Strait, na mwaka 2020 akatangazwa kuingia katika Jumba la Heshima la Kantri kama mtunzi. Hargrove alikuwa mpigaji gitaa wa studio wakati ambapo wanawake wa kazi hiyo walihesabika kwa vidole. Alitoa albamu yake ya kwanza mwaka 1973, akafuatisha nyingine, na hakuna singo yake iliyopanda juu. Mwaka 1975 Johnny Rodriguez aliufikisha wimbo wake *Just Get Up and Close the Door* namba moja. Alifariki Oktoba 2010, miaka mitano kabla ya usiku ule wa Nashville.